Mnada Ndani ya Eda

Hakimu alichokonoa meno kwa njiti ya kibiriti, akamuuliza Mwanajuma tena kama ni kweli siku ya mnada aliwapa wanunuzi kahawa.

"Niliwapa, mheshimiwa. Nilidhani wamekuja kunipa pole."

Mabenchi yote yakacheka. Wakili wa benki, kijana aliyejipaka mafuta nywele mpaka zikameta kama kaango, akacheka kuliko wote.

Mwanajuma alikuwa amesimama tangu asubuhi, magoti yakimwaka moto. Marehemu mumewe, Mabruki fundi seremala, aliiweka rehani nyumba yao ya Chemchem ili anunue mashine ya kuranda mbao. Akafa deni halijaisha. Mjane akakaa eda nyuma ya pazia, haonwi na mwanamume wa kando. Benki haikumwambia neno; ilimtuma dalali. Hodi ikapigwa, sauti za wanaume zikajaa ukumbini, naye akamtoa binti yake Zamda na birika na sahani ya kashata. Kwenye upenyo wa pazia aliona mikono ikiinuliwa. Akadhani ni dua. Akaitikia amina, kwa sauti, kama mtu aliyelelewa akaleleka.

"Nyumba inauzwa, mwenyewe anaitikia amina!" alisema wakili. "Mahakama inataka ridhaa gani tena?"

"Sikuambiwa, baba. Ningejua ningepinga."

"Pingamizi huletwa kabla ya mnada, mama," alisema hakimu.

"Ningetokaje, nami nimo edani?"

"Sheria haikai eda. Ungemtuma mwanamume wako."

"Mwanamume wangu ndiye aliyekufa."

Safari hii hakucheka mtu. Hakimu alikohoa, akaandika, akalitupa shauri, akaulizia chai yake.

Mnunuzi alikuwa bikizee mmoja wa Bukene, ambaye siku hiyo ya mnada alikuwa huko huko kwake akipalilia karanga. Aliyempandishia bei ni mkwewe, katibu wa tawi la chama, maana kiongozi wa Ujamaa haruhusiwi kumiliki nyumba ya kupangisha. Kila mtu pale mahakamani alilijua hilo. Katibu mwenyewe alimngoja Mwanajuma barazani, kaunda suti imembana tumbo.

"Dada yangu, usijitese. Sisi si makabaila. Chukua chumba cha uani, kodi uwe unanipa mimi nimpelekee bibi. Halafu Jumamosi tuna semina pale kwenye ukumbi wa nyumba. Utatupikia."

"Semina ya nini?"

"Ya unyonyaji."

Jumamosi ukumbi ulifurika. Katibu alifundisha mpaka sauti ikamkauka, na kila alipotaja wanyonyaji walimpigia makofi. Uani, Mwanajuma na Zamda walipuliza kuni mbichi chini ya sufuria la wageni, machozi ya moshi yakiwatiririka. Mlango wa nyuma ukafunguliwa. Katibu alichungulia, leso puani.

"Hebu sogezeni hayo mafiga huko, mama. Moshi wenu unaingia nyumbani kwa watu."