Msomaji wa Azimio

Asubuhi ya sikukuu ya Uhuru wa Marekani, Jaji Lemuel Wetherell alijinyoa mwenyewe, akajikata kidevuni. Miaka yote kazi hiyo ilikuwa ya Enos Tully, kinyozi mweusi aliyekuwa na duka mkabala na mahakama. Kila mwaka siku hiyo walikuwa na mchezo wao. Jaji ndiye aliyeusomea mji kila Julai Azimio la Uhuru, lile la kujitenga na mfalme wa Uingereza, basi alikuwa akilikariri chini ya wembe, na Enos akifika kooni humngoja.

"Maliza kwanza sentensi, Jaji," alikuwa akisema. "Nikikukata leo watasema mimi ni Mwingereza."

Sasa Enos hakuwapo. Mwezi Machi walikuja watu wawili kutoka Kentucky, ng'ambo ya mto, ambako utumwa uliruhusiwa, wakasema kinyozi huyo ni mtumwa aliyemtoroka bwana wake zamani. Kesi ikamwangukia Jaji Wetherell, yule yule ambaye kila majira ya baridi aliwafundisha vijana wa mji kwamba iko sheria iliyozitangulia zote, ambayo Mungu ameiandika ndani ya mtu, na kwamba bunge likiamuru kinyume chake halijatunga sheria, limepiga kelele tu. Vijana walimpigia makofi. Ni maneno matamu sana hayo, hasa pale ambapo hakuna anayekudai uyatekeleze.

Siku ya kesi Enos aliinuka kusema. Sheria mpya ya kurudisha watumwa haikumruhusu mtu kama yeye kujitetea.

"Kaa chini, Enos," Jaji alimwambia.

"Neno moja tu, Jaji. Wewe unanijua."

"Nakujua. Lakini sheria haikuruhusu."

"Ipi?"

Jaji alishindwa kumtazama. Aliwaambia waliokuwapo kwamba aliapa kuilinda Katiba, na Katiba inasema mtumwa aliyetoroka arudishwe, na yeye hana Katiba nyingine mfukoni. Hapakuwa na kosa la kisheria katika maneno yake. Kufikia mchana Enos alikuwa amevushwa mto, mikono imefungwa.

Hakuna aliyemsuta. Afadhali wangemsuta. Watu walimshika mkono barabarani na kumpa pole, kana kwamba aliyeondokewa ni yeye, na kila pole ilimchoma. Duka la Enos lilipofungwa alianza kuzungukia njia ya nyuma kwenda mahakamani, mtu mzima na mvi zake, akikwepa mlango uliofungwa.

Basi asubuhi hiyo mkewe, Keturah, alimfuta damu kidevuni akasema, "Mwachie mchungaji asome mwaka huu."

"Hapana, nitasoma mimi. Nikifika pale panaposema watu wote wameumbwa sawa, nitakunja karatasi. Nitawaambia kwamba nilijua haki iko wapi nikaikalia, kisha niuvue ujaji palepale."

"Kweli, Lemuel?"

"Kweli."

Keturah alimfunga tai vizuri. Tangu Machi hakuwa amemgusa kwa upole namna ile.

Mji wote ulikusanyika chini ya miti nyuma ya kanisa, wenye mabenchi wamekaa, watoto wakigombea maji ya limau. Nyuma kabisa, walikosimama watu weusi, alikuwapo Dorcas, mke wa Enos, na gauni lake la Jumapili. Jaji alimwona kabla hajafungua kinywa.

Alianza kusoma. Alipofika pale, akakunja karatasi. Machozi yakamtoka mbele za watu, naye akasimama kimya akilitafuta neno la kwanza.

Meja Grubb, mzee aliyepigana na Waingereza ujanani, alivua kofia. "Mtazameni," alisema. "Huyu anaipenda nchi yake."

Akapiga makofi. Mabenchi yote yakainuka, yakapiga makofi. Jaji alizitazama nyuso zile zilizompenda. Ilikuwa aseme maneno machache tu, na mapenzi yale yaishe. Tena makofi yalikuwa matamu, Mungu amsamehe, yalikuwa matamu. Akaikunjua karatasi, akaendelea na makosa ya mfalme mpaka mwisho, kwa sauti nzuri kuliko miaka yote.

Keturah aliinuka akaenda nyumbani bila kumngoja.

Walipoketi kula, Dorcas alikuja mpaka kwenye meza ya wakubwa.

"Dorcas," Jaji alisema kwa sauti ya chini. "Nilitaka kusema. Nilikusudia kabisa."

"Niliona ulivyoikunja karatasi."

"Nakuomba unisamehe."

"Sikuja kwa hilo, Jaji. Enos aliniambia kwamba ukifika pale penye usawa alikuwa anauweka wembe kando, ili usije ukakatizwa. Sasa mimi nilitaka kuona kama bila yeye utaweza kulimaliza."

Jaji aliupapasa mkato wa kidevuni.

"Umelimaliza," Dorcas alisema, akageuka akaenda zake.

Meja Grubb, ambaye masikio yake yalikuwa yamechoka zamani, alimsogezea sahani ya pai ya cheri. "Kula, Jaji. Leo umetutendea kazi."

Jaji akachukua uma, akala.