Swali la Tano

Kimbelembele changu ndicho kilichomvunja mama mkono. Nasema wazi, maana nimechoka kusikia watu wakimsingizia shetani.

Mwalimu wa baiolojia alitupa maswali kumi kuhusu urithi wa damu. Jioni ile nilikuwa nimemaliza la kwanza tu: baba ana damu ya kundi A tupu, mama B tupu, watoto watakuwaje? Nikachora kisanduku cha vyumba vinne, vyote vikatoka AB. Kichwa kikanivimba. Mezani nikatangaza kwamba A na B wakioana huzaa AB, basi. Baba, fundi seremala asiyejua utani, akaacha kutafuna. Yeye ni A, mama ni B, na kadi ya hospitali ya mdogo wangu, aliyekuwa amepasuliwa mwezi mmoja kabla, ilikuwa imeandikwa O.

Alimburuta mama mpaka karakana iliyo mbele ya nyumba, akamtandika kwa kipande cha ubao.

"Mtaje baba yake," alikuwa anasema. "Mtaje."

Mama aliapa kwa kila kitu. Nikasikia mfupa ukilia ko. Nilimrukia baba mgongoni, akanitupa kwenye benchi la kurandia, jino likatoka. Damu yangu na ya mama ikaloanisha maranda.

Nikakimbilia ndani kwenye daftari, sikujua la kufanya jingine. La pili, la tatu, la nne. La tano: A aliyebeba O kwa siri akikutana na B aliyebeba O kwa siri. Chumba cha mwisho kikatoka O. Jamani! Na bibi, mama yake baba, ni O. Tulijua siku alipoongezewa damu. Baba ameibeba O hiyo tangu azaliwe. Kadi ya mdogo wangu haikuwa inamshtaki mtu.

Nikambandika baba daftari usoni. Alihesabu vyumba kwa kidole chenye gundi, akahesabu tena. Ubao ukamdondoka. Akaanza kulia, akisema mara ni hasira, mara ni mwalimu, mara ni mimi.

Mama, mkono umening'inia, akaomba aone. Alikitazama kisanduku bila haraka.

"Umepata," akaniambia. "Sasa kafungashe nguo za mdogo wako. Na zako."

Baba alisema jibu si limeshapatikana, mambo yameisha. Tulitoka watatu, daftari nimelibana kwapani. Maswali matano yaliyobaki niliyamalizia kwa mjomba, na sikumtangazia mtu. Mkono wa mama haunyooki mpaka leo.