Nyekundu Isiyotikisika

Nasema bila haya: pale Vincennes tulikuwa wanawake arobaini wa kupaka rangi kwa mkono filamu za sinema, enzi hizo zikitoka nyeusi na nyeupe, na kwa nyekundu hakuna aliyenifikia. Kila mmoja na rangi yake moja tu na brashi ya nywele tatu, picha baada ya picha, kila picha kama ukucha wa dole gumba.

Baba yangu, mzee Anselme, fundi wa magurudumu ya mikokoteni kule Auvergne, alikuja kunirudisha kijijini.

"Kupaka rangi vijipicha! Hiyo nayo kazi, Honorine? Jumatatu tunapanda treni."

"Jumapili twende ukaone kwanza, baba. Usipoona kazi, nitafunga mzigo mwenyewe."

Tukaenda kwenye hema la maonyesho ya sinema, tukakaa mbele. Kwenye kitambaa cheupe ikatokea familia mezani: mama mwenye kofia ya njano, na mumewe akimlisha mtoto cheri, vitunda vyekundu. Mtoto akamtemea kokwa usoni, watu wakavunjika mbavu. Baba yangu hakucheka.

Mara njano ikaruka nje ya kofia, ikacheza kwenye ukuta wa nyuma ya yule mama, ikarudi. Ilikuwa kazi ya Zélie, jirani yangu wa meza, anayepiga soga huku brashi inatembea.

"Ebo!" baba akapaza sauti, hema zima likasikia. "Huyo wa njano hana mkono! Simpi hata gurudumu la toroli apake. Ndiye wewe huyo?"

Kwa hasira nikakaza macho kwenye kitambaa. Kama hajui mkono wa mwanawe, treni na ije!

Hakuuliza tena. Aliinama mbele, viwiko magotini, kama anavyokagua gurudumu likizunguka. Cheri zilitoka bakulini moja moja mpaka mdomoni mwa mtoto, na nyekundu haikutoka nje ya mstari hata kidogo.

Taa zilipowashwa alinishika mkono wa kulia, akaugeuza. Kwenye kucha kulikuwa na wekundu usiotoka hata kwa sabuni.

"Ulikuwa na miaka saba," alisema, "nilipokupa brashi uzungushe mstari mwekundu kwenye gurudumu la muuza maziwa. Nilikufutisha mara tisa."

"Mara kumi na moja, baba."

Akamgeukia bwana mmoja wa benchi la nyuma, asiyemjua hata jina.

"Zile cheri umeziona? Kazi ya mwanangu huyu."

Jumatatu alipanda treni peke yake.