Hati Iliyokatwa Mkia

Watu wa kijiji kile, mwendo mfupi tu kutoka Nyololo, walizoea kumtania Bibi Tekla kwamba hati zake zina mkia mrefu kuliko mwili. Waache watanie. Kwa miaka thelathini hapakuuzwa shamba wala kugawanywa mirathi pale bila kalamu yake, na yeye alijua kabisa kwamba sehemu ya juu ya hati, ile ya fulani kamuuzia fulani, hata mtoto wa darasa la nne angeiandika. Kazi ilikuwa chini. Chini ndiko alikoandika siku na tarehe, majina ya waliokaa, alama zao za wino, na maneno yake yaleyale: kwamba hati imesomwa kwa sauti mara mbili, kwa Kihehe na kwa Kiswahili, na kila mmoja amesikia, ameridhika, ana akili timamu na hakushurutishwa na mtu.

Kwa hiyo siku Goodness alipomletea hati ya shamba lake, Bibi Tekla aliitupia jicho mara moja tu akaanza kutafuta chini. Mkia haukuwepo.

Goodness, mjane wa Edmund, alikuwa ameipeleka Mafinga ipigwe leminesheni isije ikaliwa na mchwa. Nia njema kabisa. Lakini hati iliandikwa mwaka 2003 kwenye fulskapu, na plastiki zile ni fupi kuliko fulskapu. Yule wa steshenari wala hakuuliza. Alichukua mkasi, akakata kilichozidi, akatupa. Eti kilichozidi! Alama za watu sita, jamani, kwenye pipa la taka. Bibi Tekla alitamani apande gari siku hiyohiyo akamfundishe adabu.

Na Jofrey alishapata habari. Huyu Jofrey ni mtoto wa marehemu Mzee Sosthenes, aliyeliuza shamba lile, na tangu miti aliyopanda Edmund ifikie kuvunwa, alikuwa akipita akisema shamba ni la baba yake, Edmund aliazimwa tu. Sasa akakimbilia baraza la kata. Goodness na watoto wake wanne hawakuwa na ardhi nyingine, hata ya kupanda mchicha.

Siku ya baraza Jofrey alikuja na suti. Akasema, kwa upole wa kuudhi, kwamba mwandiko anautambua ni wa Bibi Tekla, ila Bibi Tekla anaweza kuandika lolote analotaka; kidole cha baba yake kiko wapi? Mashahidi wako wapi? Miaka thelathini, halafu mtu ambaye Bibi Tekla alimwona akitambaa utotoni anamwita mwongo mbele za watu.

Hakubishana naye. Alisimama akaanza kuusoma mkia kutoka kichwani, taratibu, kama asomavyo somo kanisani: Jumamosi, mwezi wa nane; muuzaji, dole gumba la kulia; mnunuzi, saini; kisha mashahidi watatu, jina kwa jina. Wote watano walikuwa makaburini. Mwenyekiti akamwambia kwa heshima kwamba marehemu hawawezi kuitwa barazani.

"Sijamaliza," alisema Bibi Tekla. "Nimetaja watano. Alama zilikuwa sita."

Akageuka kuelekea benchi la nyuma, alikokaa Veneranda, mjane wa Sosthenes na mama mzazi wa Jofrey. Hakuna aliyekuwa amemfikiria. Veneranda anakula kwa Jofrey, analala kwa Jofrey, na dawa zake za presha ananunua Jofrey. Bibi Tekla hakuwa amemfuata nyumbani kumbembeleza, maana kwake yeye shahidi hafundishwi la kusema. Lakini hakuwa na hakika atasema nini, tusidanganyane.

Jofrey akaanza kueleza kwamba mama siku hizi amesahau mengi. Mama akainua mkono kumnyamazisha, akasimama.

"Sikusahau," alisema. "Baba yako alitaka nibaki jikoni, mambo ya hati si yangu. Huyu Tekla akaweka kalamu chini. Akasema hafungi hati ya shamba bila mke wa muuzaji, na kama hawataki wakatafute mwandishi mwingine. Wanaume walimkasirikia, hakujali. Nikaitwa, nikaja na unga mikononi. Mwanangu, nimeishi na baba yako miaka arobaini, na ni siku ile tu niliyoulizwa mbele za watu kama nimekubali. Unadhani naweza kuisahau?" Akavuta pumzi. "Nilikubali. Shamba tuliliuza."

Jofrey alikaa. Na tumpe haki yake, aliposimama tena hakuzungukazunguka: alisema anafuta madai. Goodness alijifunika uso kwa khanga akalia.

Mwenyekiti akaagiza maridhiano yaandikwe palepale, na kalamu akakabidhiwa Bibi Tekla. Ya juu aliyamaliza kwa mistari mitatu. Ya chini yalichukua kumi na mmoja. Aliyasoma kwa Kihehe kwa fahari, kisha akayarudia kwa Kiswahili.

Pedi ya wino ikafunguliwa. Bibi Tekla akainua uso ili amwite Veneranda. Veneranda alikuwa ameshafika mezani, mbele ya wanaume wote, dole gumba limenyooshwa.