Nyumba ya Sufuria Mbili

Tangu asubuhi Dreama Noble alikuwa akizunguka makaburini kama kuku anayetafuta pa kutagia. Hakuwa amefiwa. Alikuwa anasubiri simu, na katika bonde lao lote simu hazishiki mtandao ila huku juu kilimani, walikolala mababu wa mume wake, karibu na ile meza ndefu ya mbao ambapo ukoo mzima hula pamoja kila Mei ukija kupamba makaburi.

Ofisi ya msaada wa chakula ilisema itampigia asubuhi kwa mahojiano. Asubuhi gani, saa ngapi, haikusema. Mwenye shibe hamjui mwenye njaa. Anatamka "asubuhi" tu, kisha anaenda zake kunywa kahawa. Simu hiyo ikimpita, maombi yanaanza upya, na kwenye kabati la Dreama yamebaki maharage makavu, unga wa mahindi wa kukung'uta kwenye kona za mfuko, na chupa ya siagi ya karanga ambayo binti zake wawili wanaigombea kwa vijiko. Nyumba ya wazee anakofua mashuka ilimpunguzia zamu tangu kiangazi. Siku hizi anafua nusu na kulipwa nusu, ila tumbo la mtoto halijui nusu.

Alikaa, akasimama. Akang'oa magugu kwenye kaburi la mama mkwe wake, Verdie, akayatupa, akatazama simu. Akatembea hadi uzioni, akarudi mbio kwa kuogopa kwamba pale uzioni mtandao umekatika. Haukuwa umekatika. Hakuna aliyepiga.

Ilipolia alishtuka karibu aidondoshe. Namba ngeni. Kidole chake kilitaka kuikata kwa mazoea, maana huku milimani namba ngeni ni ya mdai, na mdai hapokelewi. Akajizuia.

"Dreama Noble?" Sauti ya mwanamke, ya upole, iliyochoka. "Naitwa Whitaker, wa ofisi ya chakula. Una nafasi tuongee?"

"Mama, ndicho kitu pekee nilicho nacho."

Bi Whitaker akacheka. Mazungumzo yakaenda vizuri. Watoto? Wawili, Macy na Raelynn. Kazi? Akaeleza. Mume?

"Yuko Ohio."

"Anatuma chochote?"

"Anatuma kimya. Kimefika chote, hakijapotea njiani."

"Pole, dada. Mwingine anayeishi humo?"

"Baba mkwe. Delmar Noble. Nyumba ni yake."

"Sawa. Na chakula, mnanunua na kupika pamoja naye?"

Wahenga walisema ulimi uliponza kichwa, nao hawakuwahi hata kumwona Dreama. Kwa sababu ukweli ulikuwa mwepesi kabisa: hapana. Ndani ya nyumba ile mna sufuria mbili, na zimekuwa mbili tangu majira ya kuchipua ya mwaka jana, mumewe Rodney alipoondoka na mwanamke mmoja wa duka la matairi. Jioni ya siku hiyo, mezani, Delmar alisema bila kuinua macho, "Mwanamume haondoki kwenye nyumba yenye amani." Dreama akainuka, akachukua sahani iliyokuwa mbele ya mzee, akafungua mlango na kuwamwagia mbwa chakula. "Kama meza yangu haina amani, usiile." Kesho yake moyo ulimsuta, akamtuma Macy na sahani iliyofunikwa. Ilirudi na kifuniko chake. Mzee akabeba kikaango chake cha chuma, akajinunulia jiko dogo la umeme, akahamia chumba cha nyuma na makopo yake ya supu. Tangu hapo wanazungumza kupitia watoto. Mwambie babu bomba linavuja. Mwambie mama nimesikia.

Lakini hayo nani ayaseme? Huku bondeni hata polisi aliyekuja kukukamata, akikukuta unakula, unamwambia vua kofia uketi. Mtu anaweza kuwa mlevi, mwizi wa kuku, mwongo wa kanisani, na bado akasalimiwa. Ila nyumba inayomwacha mzee ale peke yake nyuma ya mlango, jina lake halitajwi kwa sauti. Ndiyo maana Mei iliyopita, kwenye meza hii hii, mbele ya ukoo, Dreama alimpakulia Delmar maharage, naye Delmar akasema asante, wakatabasamu wote wawili kama waigizaji, kisha wakashuka kilimani kila mtu na njia yake.

Basi mdomo wa Dreama ukafanya kile ulichozoea kufanya mbele za watu.

"Bila shaka tunakula pamoja," akasema. "Sisi ni watu, mama. Chungu kimoja."

Ikasikika sauti ya vidole vikibofya kompyuta.

"Dada, una uhakika? Wapo watu wanaishi nyumba moja na kila mtu ananunua chake na kupika chake. Si kosa."

"Watu gani hao?" Dreama alisikia uso ukimchoma. "Mzee wa watu mgonjwa wa mapafu nimwache apike mwenyewe? Mimi sikulelewa hivyo."

"Haya." Bi Whitaker akashusha pumzi. "Kwa hiyo naye namhesabu kuwa wa kaya yako, na pensheni yake ya mgodi naihesabu pamoja na mshahara wako. Ukijumlisha hivyo, mnapita kiwango. Sitaweza kukupitisha. Faili nalifunga jioni nikitoka. Ukikumbuka jambo lolote kabla ya hapo, piga namba hii."

Simu ikakatika. Dreama akabaki ameishika kana kwamba ina la kuongeza.

Alishuka kilimani akijitukana, na alikuwa na matusi mazuri, ya kurithi. Maji yakimwagika hayazoleki, alijiambia, kisha akajibishana mwenyewe: haya siyo maji, ni maneno, maneno yana simu ya kuyafuata. Kisha akawaza uso wa Delmar. Ofisi ikitaka mzee athibitishe je? Mzee huyo alikataa hata sahani!

Jikoni alimkuta Raelynn, wa miaka sita, amekalia meza akilamba kijiko kikavu. Chupa ya siagi ya karanga ilikuwa tupu, nyeupe, imekwanguliwa hadi inang'aa.

"Mama, kijiko bado kina ladha," Raelynn akasema. "Unataka?"

Dreama alikitazama kijiko. Alitoka jikoni, akapita ukumbini, akasimama mbele ya mlango wa chumba cha nyuma. Akaondoka. Akarudi. Akajifuta mikono kwenye suruali ijapokuwa haikuwa na maji, akagonga.

"Ingia, Macy."

"Siyo Macy."

Kikohozi, kisha kitanda kikalia. Delmar Noble alifungua mlango mwenyewe, mrefu, mkavu, na kofia kichwani ndani ya nyumba. Nyuma yake kikaango kilikuwa juu ya jiko dogo, na ndani yake yai moja.

"Wameniuliza kama tunapika pamoja," Dreama akasema, akitazama lile yai. "Watu wa chakula. Nimewaambia ndiyo."

"Na sivyo."

"Sivyo."

"Mbona umewaambia hivyo?"

"Ulitaka niwaambie nini? Kwamba baba yake Rodney anakula na ukuta?"

Mzee aliegemea fremu ya mlango. Kifua chake kilikuwa kikipiga mluzi, kama kawaida ya mapafu yaliyoshiba vumbi la makaa.

"Kwa hiyo wamenihesabu mimi," akasema mwishowe. "Wasichana wanakosa kwa sababu yangu."

"Wanakosa kwa sababu ya mdomo wangu."

"Huo nao una kazi nyingi," Delmar akasema. Alizima jiko, akatwaa fimbo. "Twende."

"Wapi? Simu inashika makaburini tu. Huwezi kupanda kule na kifua hicho."

"Kule nitapanda mara moja nikibebwa. Leo nitapanda kwa miguu."

Walipanda. Loo, walipanda vibaya! Kila kona mzee alisimama kushika mti, naye Dreama akatazama jua, akatazama simu, akamtazama mzee. Alitaka kumwambia fanya haraka na alitaka kumwambia rudi, akayameza yote mawili. Ofisi inafunga jioni. Midomo ya Delmar ilikuwa imegeuka rangi. Katikati ya mlima Dreama akampa bega, na Delmar akaliegemea.

Alipofika juu mzee alijiangusha kwenye benchi ya ile meza ndefu, kaburi la mkewe likiwa mbele yake. Dreama akapiga. Ukaja muziki, ule wa kusubirisha maskini. Muziki ukaisha, ukaanza tena. Betri ikawa nyekundu. Dreama alizunguka meza, akazunguka tena, akiomba Mungu, betri na serikali kwa mpigo mmoja.

"Whitaker hapa."

"Mama, ni mimi, Dreama Noble. Usifunge. Nilikudanganya." Yalimtoka kwa kasi kama mtu anayetapika. "Hatuli pamoja. Mzee ana jiko lake, ana makopo yake. Mwaka na zaidi sasa. Niliona aibu."

"Nilihisi," Bi Whitaker akasema taratibu. "Mimi pia kwetu ni milimani. Lakini umeniambia mambo mawili tofauti siku moja, dada. Nahitaji kumsikia mwenyewe."

Dreama akaweka simu juu ya meza, katikati, sauti ikiwa wazi. Delmar akaiinamia kana kwamba anaionea haya.

"Huyu ni Delmar Noble. Nanunua changu, napika changu. Mwaka huu wote hajala senti yangu wala mimi yake."

"Kwa nini, mzee? Samahani, nauliza tu nielewe."

Delmar akavua kofia. Dreama alikuwa hajakiona kichwa kile kitupu tangu mazishi ya Verdie.

"Kwa sababu kijana wangu alipoondoka, nilisema kosa ni la huyu msichana. Nikiwa nakula chakula chake." Akavuta pumzi, ikagoma, akaivuta tena. "Na nilikuwa najua. Rodney alikuwa na yule mwanamke tangu majira ya baridi, aliniambia mwenyewe. Nilijua, na bado nikasema. Liandike na hilo."

Kwenye simu vidole viliacha kubofya.

"Hilo halina nafasi hapa, mzee," Bi Whitaker akasema. "Lakini nimelisikia."

Dreama alikuwa amegeukia bonde. Hasira ilimjaa mpaka masikio yakavuma. Majira ya baridi! Alikuwa akimfulia huyo Rodney mashati. Na ndani ya hasira ile ile mlikuwa na kitu kingine kilicholegea, kama fundo la kamba lililomkaba mwaka mzima, naye hakujua acheke au aokote jiwe.

"Dada, bado upo? Nakupitisha," simu ikasema. "Wewe na watoto. Kadi ya kununulia chakula itakuja kwa posta. Ila mkae hivyo hivyo mlivyo: kununua mbali, kupika mbali. Mkianza kuchanganya, mnaniambia, na hesabu inarudi kule."

"Na kukaa?" Dreama akauliza ghafla.

"Kukaa vipi?"

"Meza moja. Yeye na chake, sisi na chetu."

"Mimi nauliza vyungu, dada. Viti havinihusu."

Betri ikafa hapo hapo.

Jioni Dreama alichemsha maharage ya mwisho na kukaanga mkate wa mahindi kwa unga uliobaki. Hakumwita mtu. Alikuwa bado na hasira, na kila alipogonga kifuniko, nyumba nzima ilipashwa habari. Ila viti aliweka vinne. Macy alivihesabu kwa macho, akafunga mdomo wake, maana mtoto yule alizaliwa na akili.

Mlango wa chumba cha nyuma ukalia. Delmar akaingia na kikaango chake mkononi, yai lake la asubuhi ndani yake limepoa, na uma wake mfukoni. Akasimama. Dreama akasogeza kiti kwa mguu. Mzee akaketi, akaweka kikaango juu ya kitambaa, upande wake, akakizungushia mkono kama mtoto anayeficha jibu la hesabu.

Wakala. Kila mtu na chake. Dreama alikuwa akisikiliza barabara, kila gari likipita likimshtua, kana kwamba Bi Whitaker ataacha nyumba yake usiku kuja kuhesabu vyungu.

Ndipo Raelynn, ambaye hakuna aliyekuwa amemweleza chochote, akamega mkate wake wa mahindi vipande viwili, akanyoosha mkono na kukitumbukiza kimoja ndani ya kikaango cha babu yake.

Uma wa Delmar ukasimama hewani. Macy akamtazama mama yake. Mzee akakishika kile kipande kwa vidole viwili, akakirudisha taratibu kuelekea sahani ya mtoto. "Kula wewe, mama. Babu ana chake."

"Lakini chako hakina mkate," Raelynn akasema.

Dreama akainuka. Alikwenda dirishani, akatazama barabara kote kote, akavuta pazia. Akarudi, akakitoa kile kipande mkononi mwa mzee, akakirudisha ndani ya kikaango, pembeni ya yai.

"Kula, baba," akasema. "Kinapoa."

Delmar akala.