Paris Kwenye Ua Wetu

Fanueli alikalia kaburi la mama yangu kama mtu aliyekaa barazani kwao. Ndiye mtaalamu wa mipango miji aliyeletwa kutupanga upya sisi wa Tunduma. Alikuta uani saruji imesuguliwa ikang'aa, akapangusa vumbi kwa leso, akakaa. Mimi nilikuwa jikoni naepua ugali. Nilipotoka nikamwona, nilimwendea kwa hasira, mwiko bado mkononi.

Ukoo wetu huzika nyumbani. Mama alilazwa pale enzi pande hizi zikiwa mashamba ya mahindi, kabla foleni ya malori ya Zambia haijafika mlangoni kwetu. Msalaba wake wa mbao uliliwa na mchwa, na kila Pasaka kaka yangu Osward huahidi kuleta mwingine.

Huyo huyo Osward alikuwa amesimama hapo anachekacheka, macho kwenye picha ambazo mgeni alizitandaza juu ya saruji.

"Hii ni Paris, Ufaransa, mama," Fanueli aliniambia. "Zamani ilibanana kuliko hapa. Vichochoro, maji machafu, kipindupindu. Mfalme wao akaagiza nyumba zibomolewe, zikapasuliwa barabara pana, mifereji ikapita chini. Tazama sasa!"

"Wenzetu wameendelea, bwana," Osward akadakia.

Nilitamani kumzaba kibao.

"Waliokuwa wanakaa humo walikwenda wapi?" nikauliza.

"Wengi walisogea pembezoni. Kodi za katikati hawakuziweza."

"Na makaburi yao?"

Hapo akachangamka, akadhani hadithi imeninogea. "Hayo yalianza kuhamishwa hata kabla ya huyo mfalme. Mifupa ilifukuliwa, ikapangwa kwenye mahandaki chini ya mji. Mamilioni ya watu! Leo watalii hulipa kiingilio kwenda kuitazama."

Osward aliacha kucheka.

"Inuka," nikasema. "Umemkalia mama yetu."

Aliruka, picha zikamwagika. Aliomba radhi, tena sana. Nikisema hakuona aibu nitamsingizia. Lakini kwenye ramani yake barabara mpya ilipita palepale. Akanieleza kwa sauti ya upole kwamba kaburi nalo litahamishwa, kwa heshima zote, kisha akachukua kopo lake la rangi nyekundu, akainama, akachora X, alama ya kubomoa, upande wa kichwa.

Heshima gani hiyo? Nilifungua kitenge nilichojifunga juu ya gauni, nikapiga magoti, nikaisugua ile rangi ikiwa bado mbichi. Osward alisimama kidogo, halafu akavua shati, akapiga magoti kando yangu, akasugua naye. Saruji ilibaki na wekundu hafifu. Kitenge ndicho kilichoharibika.

"Mama, itabidi nichore tena," Fanueli akasema.

"Chora," nikamjibu. "Vitenge vimejaa humo ndani, na vyote ni vya mama yetu."