Uvimbe Uliokataa Kuwa Muujiza

Nathalie aliponywa kansa ambayo hakuwahi kuwa nayo, Jumapili asubuhi, mbele ya kanisa zima, na hakuna aliyemwuliza kama anakubali. Mchungaji Néhémie aliinua karatasi ya skaneri iliyotoka Mbarara, akasoma mstari mmoja tu, kwamba ini halina kasoro, na turubai la paa likatikisika kwa vigelegele. Cansilde, mama mkwe wake, aliyekuwa amefunga kwa ajili ya ini hilo hata mashavu yakabonyea, alipiga magoti na kulia. Kwaya ikaanza wimbo. Kisha mchungaji akanyoosha mkono: dada Nathalie aje mbele atoe ushuhuda.

Nathalie alisimama, lakini hakwenda mbele.

"Pasta, munisamehe. Sijue kama ile kintu ilitoka."

Kwaya ikakata wimbo katikati ya ubeti.

Haukuwa upungufu wa imani. Aliomba kama wenzake. Ila alikuwa mtu wa kujaribu kwanza. Kule kwao Uvira alifundisha biolojia, na hapa Nakivale, kambi ya wakimbizi nchini Uganda, aliuza mbegu za mboga sokoni, na hakuna mbegu aliyoiuza kabla ya kulaza chache kwenye kitambaa kibichi aone kama zitaota. Wauzaji wengine walimcheka. Wateja walirudi kwake.

Mambo yalikuwa yameanza na maumivu ya tumbo. Vilikuwa vidonda vya tumbo, vikatibiwa, vikaisha. Lakini ekografi, picha ya mawimbi ya sauti, iliyopigwa kutafuta chanzo cha maumivu iliona kitu ambacho hakuna aliyekuwa akikitafuta: uvimbe wa mviringo ndani ya ini, upana wa sentimita sita. Kabla Nathalie hajafika nyumbani, neno kansa lilikuwa limeshafika. Wanawake walikuja kukaa uani wameshika tama. Mmoja aliuliza, kwa upole kabisa, kibanda cha sokoni atamwachia nani.

Daktari Ahimbisibwe wa Mbarara hakushika tama. Alizaliwa katika kambi ya jeshi, mtoto wa sajini, na Kiswahili chake kilikuwa cha amri. Alipima damu: hakuna virusi vya homa ya ini, na kipimo cha kansa ya ini kilikuwa chini.

"Mama, hii haikai kama kansa," alimwambia. "Lakini kuna vitu viwili vinafanana kama mapacha. Moja ni ini yenyewe tu, imeota vibaya kuzunguka mshipa wa damu. Hiyo haina maneno. Haigeuki kansa, na unazaa mpaka unachoka. Ingine ni uvimbe unapenda homoni, ile ya vidonge, ile ya mimba. Ikiwa kubwa namna hii, na mimba iko, inaweza pasuka, damu inamwagika ndani. Mpaka tujue ni gani, acha vidonge, tumia kondomu. Hakuna mimba. Hiyo ni amri."

Nathalie alikuwa na miaka thelathini na sita. Vidonge vya kuzuia mimba alivimeza tangu alipoolewa na Kalume, wakingoja maisha yakae sawa, na mwaka huu walikuwa wamekubaliana kwamba wasingoje tena. Kwa hiyo swali lilikuwa moja: ni uvimbe upi kati ya hiyo miwili?

Daktari alieleza jinsi ya kujua. Mgonjwa anadungwa dawa ya rangi, na mashine inapiga picha mara tatu. Ya kwanza ndiyo yenye jibu, na lazima ipigwe kabla dakika haijaisha, damu ya ateri inapoingia kwenye ini. Ikichelewa, uvimbe unaweza kuchukua rangi ileile ya ini, usionekane.

Katika kituo kimoja cha picha huko Kakoba, mtaa wa Mbarara, fundi alimdunga Nathalie dawa mkononi, joto likamwenda mwili mzima, na saa hiyohiyo nje kukazuka ugomvi. Mtu wa boda alikuwa ameegesha pikipiki mbele ya mlango wa jenereta. Fundi alitoka, akafoka, akafokewa, akarudi anafuta jasho. Akapiga picha moja.

"Imeisha, mama."

Matokeo yalitumwa moja kwa moja kambini, bila kupitia kwa daktari. Ndiyo hiyo karatasi aliyoisoma mchungaji.

"Karatasi inasema haiko," Cansilde alisema jioni ya Jumapili ile uani. "Unataka ikuwe?"

"Mama, sitaki ikuwe. Ninataka kujua."

"Kujua, kujua! Kalume, mwana wangu, ulioa bibi ao ulioa inspekta?"

Kalume, aliyekuwa akichambua maharagwe kwa bidii isiyo ya kawaida, alisema maharagwe ya msimu huu yana wadudu wengi.

"Nimenyima tumbo langu chakula," mama yake aliendelea. "Mungu amefungua njia, na wewe unaniambia mutoto bado?"

"Bado, Mama. Mpaka muganga wa Mbarara aone picha muzuri."

"Mungu iko na picha muzuri kuliko muganga!"

Hilo Nathalie hakulibisha. Alitamani tu Mungu angemtumia nakala.

Asubuhi, shambani, Kalume aliegemea jembe. "Nathalie, nimechoka kukaa katikati."

"Toka katikati, basi. Kuja fasi yangu, upande huu."

Alifikiri, akapalilia mstari mmoja hadi mwisho, akarudi. "Sawa," alisema. "Lakini Maman utamwambia wewe."

Tatizo lilikuwa kwamba bila rufaa mpya hakuweza kumwona daktari, na rufaa iliandikwa na Naboth, mganga wa kituo cha afya cha kambini, kijana mwenye haraka aliyeongea Kiswahili cha Uganda.

"Mama, karatasi inasema hakuna kitu. Mimi naandika rufaa nasema nini? Mgonjwa mzima sana?"

"Skaneri ilichelewa. Dawa ilishapita."

"Wewe ni daktari?"

"Hapana. Nilikuwa nalala ndani ya mashine."

Naboth akacheka, lakini mkono wake ulikuwa tayari unamwita mgonjwa anayefuata. Nathalie hakuondoka kwenye kiti.

"Weka ekografi yako hapa," alisema, akionyesha chini ya mbavu za kulia. "Kama haiko, ninaenda kanisani kutoa ushuhuda, na wewe utakuwa shahidi wangu."

Naboth alimpima ili amwondoe. Alipaka jeli baridi, akasogeza mashine, akasimama, akarudi nyuma kidogo. Kicheko kilimtoka usoni.

"Eh! Bambi, pole mama. Imerudi!"

"Haijarudi. Haikuenda."

"Lakini skani inasema..."

"Ukiweka mbegu nyeupe juu ya kitambaa cheupe, utaiona? Ile uvimbe imejengwa na ini. Picha ikichelewa, zote mbili zinakuwa rangi moja."

Naboth alitazama kioo tena, akaandika rufaa. Aliandika kwamba uvimbe umerudi. Nathalie aliona, akafungua mdomo, kisha akaona afadhali achukue karatasi aende.

Habari zilimtangulia nyumbani, kama kawaida yake. Cansilde alikuwa ameketi mkekani na wanawake wa chumba cha maombi, kikundi chake cha sala, na hakumngoja hata avue viatu.

"Si nilisema? Ulimunyima Mungu ushuhuda, ndiyo maana ameirudisha!"

Wanawake wakaitikia kwa mguno mrefu. Nathalie aliweka kikapu chini. Alikuwa amefanywa maiti bila kufa, akaponywa bila kuugua, na sasa ameugua upya kwa kosa lake mwenyewe, na katika muda wote huo uvimbe haukuwa umesogea hata unywele mmoja. Akaenda kumwagilia miche.

Safari ya pili ya Mbarara Kalume alikwenda naye. Daktari Ahimbisibwe aliisoma karatasi ya Kakoba, akasikia habari ya pikipiki na jenereta, akafumba macho kidogo kama mtu aliyekanyagwa. Kisha akawapeleka kwenye mashine nyingine, akasimama mwenyewe nyuma ya kioo. Kalume alisimama mlangoni.

"Mutu wa boda akifika hapa," alitangaza, "ninamubeba pamoja na pikipiki yake."

"Vuta pumzi!" daktari aliamrisha kupitia kipaza sauti. "Shika! Usipumue! Achia!"

Mara tatu. Hakuna aliyetoka nje.

Baadaye aliwaita wote wawili mbele ya kompyuta. Katika picha ya kwanza uvimbe uliwaka, mweupe kuliko ini lote, na katikati yake palikuwa na kovu jeusi lenye matawi, mfano wa nyota. Katika picha ya pili uvimbe ulikuwa umeyeyuka. Mtu angeapa kwamba ini ni zima.

"Hii ndio walikupiga," daktari alisema. "Muujiza wenu."

Katika picha ya tatu ini lilikuwa limetulia, na kovu peke yake lilikuwa limeanza kung'aa.

"Hilo kovu ndilo lilikuwa linatafutwa. Na huu mshipa mnene unaingia katikati. Ile ya homoni kawaida haikai hivi. Kama kovu halingeonekana, ningetaka picha ya mashine kubwa zaidi, ama sindano ya kuchukua nyama. Sasa sitaki."

"Kwa hiyo ni ile ya kwanza?" Kalume aliuliza. "Ile haina maneno?"

"Haina maneno. Hakuna kisu, hakuna dawa. Mtarudi tuitazame na ekografi, hata mimba ikiwa ndani."

Nathalie alikuwa bado anatazama nyota nyeusi. "Na vidonge, muganga?"

"Vidonge vya nini tena? Si mnataka mtoto? Nendeni. Kuna wagonjwa hapa."

Kalume alicheka kwa sauti mpaka wakafika barabarani. Nathalie hakucheka. Alifikiria siku zote zilizopotea kwa sababu ya pikipiki moja, na hasira ikampanda hadi masikioni. Furaha ilimfikia baadaye, njiani kurudi kambini, walipokuwa wamepita Kabingo, na ilimkuta bado amenuna.

Uani mkeka ulikuwa umejaa. Cansilde alisimama.

"Iko ao haiko?"

"Iko, Mama."

Mguno ukapita.

"Na itatoka siku gani?"

"Haitatoka. Itakaa. Haina ubaya, si kansa, na haitakuwa kansa."

Cansilde alimtazama tumboni. Sauti iliyomtoka haikuwa ile ya chumba cha maombi.

"Sasa mutoto atakaa fasi gani?"

Nathalie alikuwa ameshaandaa majibu ya mchungaji, ya ushuhuda, ya Naboth na rufaa yake. Hili hakuwa ameliandalia kitu. Aliukamata mkono wa mama mkwe wake, akauweka chini ya mbavu zake za kulia.

"Ini ni hapa." Kisha akaushusha, ukapita kitovu, akausimamisha. "Mutoto ni hapa. Habakutane."

Cansilde aliuacha mkono palepale.

"Mbali hivi?"

"Mbali, Mama."

"Na mimi siku zote hizi naombea kule juu!" Akafyonya. "Wewe mwalimu muzima, juu ya nini hukunifundisha?"

Nathalie aliona kwamba mama mkwe ana haki. Alikuwa amemfundisha hadi Naboth.

Cansilde aliwageukia wanawake mkekani, akakunja mikono ya blauzi.

"Bamama," alisema, "tunashuka. Kuanzia kesho, maombi yote ni huku chini."